Karani wa Kicheko

Wako wachekeshaji wasemao kwamba kichekesho ni kipaji, na kwamba kipaji hakiandikwi wala hakipangwi. Kwao, mtu aandikaye mizaha yake na kuitenga mafungu mafungu ni karani, si mcheshi. Maneno hayo hupendeza masikioni kwa kuwa humsamehe msemaji kazi. Lakini ni uvivu uliovaa joho la ufundi.

Mfano wa kuyakanusha uko Marekani. Phyllis Diller alipanda jukwaani mjini San Francisco mwaka 1955, akiwa na umri wa miaka 37, mama wa watoto watano. Ulimi wake ulikuwa mwepesi, hata wasikilizaji wakadhani kila neno lilizaliwa papo hapo. Nyuma ya wepesi huo palikuwa na kabati la chuma lenye droo 48, na ndani yake kadi zaidi ya 50,000 zilizopangwa kwa mada. Vichekesho vingine alivinunua, na baadhi ya kadi zina majina ya waliovitunga. Mwaka 2003 alilitoa kabati hilo kwa makumbusho ya taifa ya historia mjini Washington. Je, huyu naye alikuwa karani tu?

Husemwa tena kwamba mpango huua uchangamfu. Kama ndivyo, mizani na vina vingaliuua ushairi wa Kiswahili zamani. Seremala atundikaye randa na tindo zake ukutani hafanyi hivyo kwa kuupenda ukuta; hufanya hivyo ili mkono uhitajipo chombo usipapase.

Mchekeshaji asiyepanga hudhulumu watu watatu. Kwanza, wasikilizaji: hakumbuki aliyowaambia mwaka jana, basi huwapakulia kiporo akidhani ni chakula kipya. Pili, mwenye mali: mzaha alioupata barazani au kwa mwenziwe hukaa kichwani bila jina, na baada ya miezi michache huusema kuwa ni wake. Wizi wa namna hii huanza kwa kusahau na huishia kwa kuzoea. Tatu, nafsi yake: kichekesho kilichoshindwa Tanga kingeweza kutengenezwa kikafaulu Mombasa, lakini hakuna alipoandika ni neno gani lililokikwamisha.

Hasara hii haiishii kwa mtu mmoja. Hadithi za Kiswahili zilitiwa kitabuni na Edward Steere mwaka 1870, na mithali na W. E. Taylor mwaka 1891. Mizaha ya jukwaani imeachiwa upepo. Amri Athumani, yaani Mzee Majuto, alipofariki mwaka 2018, filamu zake zilibaki. Lakini filamu huonyesha kilichofaulu, haionyeshi kilichojaribiwa kikakatwa. Na mwanafunzi hufundishwa zaidi na neno lililofutwa kuliko neno lililopigiwa makofi.

Kazi yenyewe si kubwa. Kadi moja, kichekesho kimoja: juu mada, chini tarehe na mahali kiliposemwa, kisha jina la aliyekitunga, na neno la kweli juu ya jinsi watu walivyokipokea. Asiye na kadi, daftari la shule lamtosha. Aonaye kazi hiyo kuwa aibu kwa kipaji chake, na ajiulize kama anacho kipaji, au anacho kinywa tu.