Picha za Senema Zilizofundisha Wakati wa Vita

Vita vilipoanza mwezi wa Septemba, 1939, Uingereza ilikuwa ikinunua sehemu kubwa ya chakula chake katika nchi za ng'ambo. Adui alizizamisha meli baharini, na kila kiazi kilichooza kilikuwa hasara isiyofidiwa kwa urahisi. Watu wengi ambao hawakupata kushika jembe walihimizwa kulima. Lakini amri ya kulima hutolewa kwa siku moja. Maarifa ya kulima hayaji kwa amri.

Kwa hiyo Wizara ya Habari ya nchi ile ilitumia senema. Tangu mwaka 1940 picha fupi, za dakika tano hivi, zilipelekwa bila malipo katika majumba ya senema. Tena motokaa zenye mitambo ya kuonyeshea picha zilikwenda mpaka vijijini na viwandani, na wafanyakazi wakazitazama wakati wa mapumziko ya chakula.

Baadhi ya picha za kilimo zilitengenezwa na Margaret Thomson, mwanamke aliyesomea elimu ya wanyama. Moja, ya mwaka 1942, ilihusu kuhifadhi viazi ulaya shambani. Katika kazi hiyo viazi hurundikwa juu ya ardhi kavu, hufunikwa kwa mabua mengi, kisha kwa udongo ili baridi kali isivifikie. Kileleni huachwa mabua machache yatokeze, ili hewa yenye unyevu ipate njia ya kutoka. Mkulima aliyeambiwa "funika" tu huweza kuiziba njia ile, akaja kukuta uozo; aliyeelezwa sababu huilinda.

Hali kadhalika picha iitwayo "Malaria", ya mwaka 1941, iliyotengenezwa na kampuni ya mafuta ya Shell, ilieleza jinsi vijidudu vya ugonjwa huo viishivyo ndani ya mbu na ndani ya damu ya mwanadamu. Aliyeifahamu habari hiyo alijua kwa nini maji yaliyotuama ni hatari.

Wahenga walisema, mwenye macho haambiwi tazama. Lakini macho peke yake hayaoni yaliyomo ndani ya damu, wala ndani ya rundo la viazi. Picha zile ziliyafunua hayo. Kazi ya mikono ilibaki kwa mtazamaji mwenyewe, alipokwisha kurudi shambani kwake.