Talaka ya Ras Kisimani Isikilizwe Wapi?

Mume amepanda jahazi kwenda Unguja kutafuta riziki. Mke amebaki Ras Kisimani na watoto, nyumba na minazi. Mwaka wa pili inafika barua: ametalikiwa, na akiwa ana dai lolote amfuate mumewe kwa kadhi wa huko. Mfano huu tumeutunga wenyewe, lakini hatudhani kwamba msomaji wa Mafia atatuuliza tumeutoa wapi.

Wako wasemao kwamba hapa hapana mjadala. Wote wawili ni Waislamu, basi kadhi ndiye wao. Sisi tuliosoma chuoni kabla ya kuingia shule ya Serikali hatuidharau kauli hiyo. Lakini yafaa ieleweke kwamba Mafia ilitengwa na milki ya Zanzibar tangu 1890, ilipoachiwa Wajerumani, na leo ni wilaya ya Mkoa wa Pwani. Udugu wa damu haukukatika. Mamlaka ya sheria yalikatika. Zanzibar inayo Mahakama ya Kadhi, ambayo Sheria yake mpya ilipitishwa 2017. Bara haina kadhi mwenye nguvu ya dola, na muswada uliofikishwa Bungeni 2015 haukufika mwisho. Huku inatawala Sheria ya Ndoa ya 1971, nayo haivuki bahari kwenda Unguja.

Je, Sheria hiyo imeipiga teke dini? Hasha. Kifungu cha 101 chataka ugomvi ufikishwe kwanza mbele ya Baraza la Usuluhishi wa Ndoa. Baraza likishindwa kupatanisha na kuthibitisha hivyo, kisha mume akatoa talaka kwa taratibu za Kiislamu, kifungu cha 107 chailazimisha mahakama kutoa amri ya kuivunja ndoa. Talaka imeheshimiwa, ila imewekewa mlango wa kupitia. Mume anayetuma barua kwa nahodha ameuruka mlango huo, na machoni pa sheria ya Bara mkewe bado ni mkewe.

Tena asidhani kwamba kuwa ng'ambo kunamwondolea wajibu wa Baraza. Sheria imemsamehe mlalamikaji ambaye mwenzake anaishi nje ya Tanzania na hatazamiwi kurejea katika miezi sita. Unguja si nje ya Tanzania. Angekuwa Muscat, tungesema mengine.

Msimamo wetu ni kwamba shauri kama hili lisikilizwe Mafia. Kifungu cha 76 kimeipa Mahakama ya Mwanzo uwezo wa kusikiliza mashauri ya ndoa sawasawa na Mahakama ya Wilaya na Mahakama Kuu. Hapa ndipo yalipo mambo yanayogombaniwa. Ni nani Unguja atakayeeleza minazi ile ilipandwa na nani, na nani alibeba mawe ya msingi wa nyumba? Mashahidi ni majirani, na majirani hawana nauli. Tangu 1983 Mahakama ya Rufani ilikwisha kuamua kwamba kazi za mke nyumbani ni mchango katika mali ya ndoa. Haki hiyo itamfaa nini mwanamke asiyeweza kuifikia meza ya hakimu? Kuchagua mahakama kumekuwa fursa ya mwenye uwezo wa kusafiri, na katika visiwa vyetu mwenye uwezo huo mara nyingi ni mume.

Hata majirani zetu wa Kenya, ambao Katiba yao ya 2010 inazitambua mahakama za kadhi, wameweka sharti kwamba wahusika wote wawe Waislamu na wakubali kusikilizwa huko. Mke wa Ras Kisimani hakuulizwa.

Lawama nyingine twawatupia watendaji wetu wenyewe. Mashauri ya talaka yamefutwa katika rufaa, baada ya watu kuhangaika miaka, kwa sababu tu hati ya Baraza haikuandikwa inavyotakiwa au haikuwapo kabisa. Hilo si kosa la mke wala mume. Tunaitaka Halmashauri ya Wilaya iwafundishe wajumbe wa mabaraza ya kata kuijaza hati hiyo, nao masheikh wetu wawaelekeze wanandoa kwenye Baraza kabla ya talaka kutamkwa. Mwanamke atokaye Ras Kisimani akafika Kilindoni na hati mkononi, shauri lake lipokewe siku hiyo hiyo.