Marejesho Hayangoji Mavuno: Barua ya Wazi kwa Mfuko wa Utamaduni na Sanaa Tanzania

Ndugu Mtendaji Mkuu,

Natengeneza filamu za makala kwa kujitegemea. Sina kituo cha televisheni wala shirika linalonilipa. Ombi langu ni moja: katika fedha mnazozisimamia, tengeni ruzuku mahususi kwa filamu za makala zinazopigwa vijijini.

Sipingi mikopo mnayowapa wasanii. Mwenye studio ya muziki akinunua mashine leo, mwezi ujao anapokea wateja na kuanza kurejesha. Kazi yetu haiendi hivyo.

Chukueni kilimo cha ngoro cha Wamatengo wa Mbinga, mkoani Ruvuma. Mvua zinapoelekea ukingoni, kama mwezi Machi, nyasi hufyekwa kwenye miteremko mikali na kuachwa zinyauke. Wanaume huzipanga kwa mistari inayokatana mpaka mlima mzima unakuwa miraba. Kisha wanawake huchimba udongo katikati ya kila mraba na kuzifukia nyasi, likabaki shimo lililozungukwa na matuta. Juu ya matuta hupandwa maharage. Mahindi husubiri mvua za mwisho wa mwaka, na kuvunwa mwaka unaofuata. Mvua kubwa ikishuka, maji hutuama mashimoni badala ya kuondoka na udongo, huku nyasi zikioza na kuwa mbolea. Huu ni uhandisi, na wenyewe wanaufundishana shambani, mama kwa binti, baba kwa kijana.

Anayetaka kuonyesha ujuzi huu sawasawa lazima awepo Machi, awepo Desemba, awepo tena wakati wa kuvuna mahindi. Akiondoka mapema atapata picha nzuri za mlima wenye mashimo, na mtazamaji hatajua mashimo yale ni ya nini. Marejesho ya kila mwezi hayamruhusu kukaa. Na uvumilivu una matunda: Flora M'mbugu-Schelling, katika filamu yake These Hands ya mwaka 1992, aliwatazama wanawake wakiponda kokoto Kunduchi bila msimulizi wa kutueleza tuwaze nini, na uzito wa kazi ile tunauona wenyewe.

Pamoja na ruzuku, wekeni sharti: filamu ionyeshwe kwanza kijijini ilikopigwa, na nakala ibaki shule ya hapo. Kati ya 1935 na 1937, mradi wa Waingereza uliokuwa na makao Vugiri, Usambara, ulitengeneza filamu 35 za kumfundisha Mwafrika, na lori likazipeleka hadi vijijini. Ikiwa wakoloni waliweza kufikisha turubai la sinema kwa mkulima ili kumwelekeza, sisi tunashindwaje kumfikishia filamu inayoonyesha anachokijua yeye? Leo filamu nyingi za namna hii huzunguka matamasha ya nje, na waliopigwa picha hawajaziona.

Kufyeka nyasi za ngoro kutaanza tena Machi. Naomba mtujibu kabla ya hapo, ili atakayepewa fedha aukute msimu tangu mwanzo.

Wenu katika kazi,
Mtengeneza filamu wa kujitegemea, Songea