Kahawa Hupimwa, Sauti ya Mtoto Je?

Mkulima wa Karagwe au Kyerwa hakabidhi kahawa yake chamani bila kuiona mizani na kushika stakabadhi. Lakini mkulima huyo huyo, mwanawe akijaliwa sauti nzuri, humwacha achukuliwe na mtu mwenye gari na vipaza sauti, akaimbe harusini, aigize mbele ya wageni, arekodiwe sauti ya tangazo, kisha arudishwe na chupa ya soda. Fedha hubaki kwa mtu mzima. Huo ni unyonyaji, hata kama mnyonyaji ni mjomba.

Ng'ambo ya mto Kagera, kutokea Murongo, ndiko Uganda. Huko mwaka 2019 Waziri wa Nchi aliyeshughulikia vijana na watoto, Florence Nakiwala Kiyingi, alimtaka Fresh Kid, mwimbaji wa miaka saba, aache kazi ya jukwaani arudi darasani. Waziri alilaumiwa sana kwamba anaua kipaji. Mwishowe yakafikiwa mapatano kwamba mtoto aimbe mwisho wa wiki na wakati wa likizo.

Kwa sheria ya Tanzania hata mapatano hayo yasingetosha. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 hairuhusu kumwajiri mtoto wa chini ya miaka 14. Aliyefikisha umri huo huruhusiwa kazi nyepesi isiyomzuia kusoma, tena kwa ujira unaolingana na kazi yake. Kazi ya usiku, tangu saa mbili hadi saa kumi na mbili asubuhi, ni marufuku. Na harusi gani hapa huanza kuchangamka kabla ya saa mbili?

Wapo watakaodai kwamba Mnyambo na Mhaya hufunzwa nyimbo tangu mgongoni mwa mama. Nani amekataza? Kuimba nyumbani na shuleni ni malezi. Kukodishwa ni biashara.

Hatari kubwa zaidi imo katika sauti iliyorekodiwa. Tangu katuni za Ubongo Kids zianze kuonyeshwa mwaka 2014, kila mtu anajua kwamba sauti za kitoto zinahitajika. Mvulana akibalehe sauti yake hubadilika, lakini ile iliyorekodiwa huendelea kuuzwa. Basi maafisa utamaduni na ustawi wa jamii wa wilaya zote mbili wadai mkataba ulioandikwa, uliosomwa mbele ya mzazi, na akaunti ya benki yenye jina la mtoto mwenyewe. Mwenye vipaza sauti atakayekataa kutia saini aende akaimbe yeye.