Mungu wa Hitilafu na Waumini Wake wa Rusizi

Mungu wa hitilafu hana jina wala hekalu, lakini wilayani Rusizi, Rwanda, pengine ana waumini wengi kuliko dhehebu lolote lililosajiliwa. Mambo yanayokwenda sawa hayamhusu. Jua likichomoza, mvua ikinyesha kwa msimu wake, Ziwa Kivu likitulia, yeye kalala. Ardhi ikitikisika, radi ikipiga, jua likimegwa mchana kweupe, hapo ndipo anaposemekana kuzungumza, na kila mara ujumbe ni ule ule: dhambi zimezidi. Mahubiri ya namna hiyo hayakosekani mjini Kamembe baada ya kila mtikisiko, tena kwa kipaza sauti kinachomfikia hata mgonjwa aliyelala mtaa wa tatu, ambaye hakuomba kuhubiriwa.

Mungu huyu ana ukoo. Katika simulizi za kale za Rwanda, bwana wa mbingu ni Nkuba, mwenye radi, aitwaye pia Shyerezo, baba wa Sabizeze aliyeshuka duniani akajulikana kama Kigwa. Karibu zaidi, katika milima ya kusini-magharibi, falme ndogo za Bukunzi na Busozo zilikuwa na watawala waliosifika kwa kuleta mvua, na hata mwami wa Rwanda alipeleka zawadi Bukunzi ili mvua isikatike. Ndagano wa Bukunzi alifariki mwaka 1923, na katikati ya miaka hiyo ya 1920 Wabelgiji wakazimaliza falme zote mbili. Wazee hao wapewe haki yao: mleta mvua aliahidi jambo kabla halijatokea, na mvua ikigoma lawama ilikuwa yake. Mfasiri wa majanga wa leo hajiweki katika hatari hiyo. Husubiri ukuta uanguke, ndipo aeleze ulikusudia nini.

Ushahidi wake mkuu ni tetemeko la Jumapili, tarehe 3 Februari 2008. Lilikuwa na ukubwa wa 5.9, kiini chake kikiwa kama kilomita 20 kaskazini mwa Bukavu, na lilipiga saa tatu na nusu asubuhi na dakika chache. Watu wapatao 40 walifariki pande mbili za mpaka wa Rwanda na Kongo, wengi wao upande wa Rwanda. Sasa saa tatu na nusu ya Jumapili mlevi yuko wapi? Kalala. Mzinzi naye kalala, huenda si kwake. Waliokuwa chini ya paa la kanisa lilipoanguka ni wale walioamka mapema, wakapiga pasi nguo, wakawashika watoto mkono wakaenda kusali, na baadhi yao hawakurudi nyumbani. Hasira gani hii ya kimungu isiyojua anwani ya mkosaji?

Chanzo chenyewe hakina fumbo. Tawi la magharibi la Bonde la Ufa linatanuka milimita chache tu kwa mwaka, Ziwa Kivu limekaa ndani ya mpasuko huo, na maji moto ya Bugarama hutoka katika ardhi hiyo hiyo iliyopasuka. Upande wa Kongo, Kalehe ilitikisika Oktoba 2002, eneo la Kabare Agosti 2015. Ardhi hiyo haikuanza kucheza kwa ajili ya sketi fupi za Kamembe. Kinachostahili mahubiri ni ukuta. Matofali ya udongo yamekaushwa juani, yakaunganishwa kwa tope, na juu hakuna lenta ya kuzifunga kuta nne ziwe kitu kimoja. Ile pembetatu inayobeba ncha ya paa haina kinachoishika. Ikisukumwa kutoka pembeni inaweza kuangukia ndani, juu ya mabenchi. Dawa yake ni nondo na zege, na kiwanda cha saruji cha CIMERWA kiko Bugarama, wilaya hiyo hiyo. Lakini kamati ya ujenzi ikishapata michango hununua kwanza spika, kisha kinanda, kisha vigae vya madhabahuni. Lenta hungoja Bwana afungue njia.

Lisbon, Ureno, ilipata somo hilo kwa tetemeko la tarehe 1 Novemba 1755, Sikukuu ya Watakatifu Wote, tena asubuhi, makanisa yakiwa yamefurika. Padri Gabriel Malagrida alisema ni dhambi za mji. Waziri ambaye baadaye alijulikana kama Marquês de Pombal aliamuru mji ujengwe upya, na ndani ya kuta mpya zikawekwa fremu za mbao za kuhimili mtikisiko. Fremu hizo zingalipo katika majengo mengi ya katikati ya mji.

Kuhusu radi hakuna haja ya maneno mengi. Jumamosi, tarehe 10 Machi 2018, radi ilipiga kanisa la Waadventista wa Sabato wilayani Nyaruguru, ikaua watu 16. Jumapili wamepigwa wa Jumapili, Sabato wamepigwa wa Sabato. Radi hutafuta kilicho juu, na makanisa mengi ya Rwanda yako mlimani. Waya wa shaba unaoshuka hadi ardhini una faida kuliko mkesha.

Hubaki hoja moja ya waumini, nayo hutolewa kwa ushindi mkubwa: mbona wataalamu hawajui siku ya tetemeko? Kweli hawaijui. Lakini nabii naye, mwenye simu ya moja kwa moja na mbingu, alikuwa ndani ya kanisa lile lile asubuhi ile ya Februari 2008, na hakumwambia mtu atoke. Kwa upande wa jua, hata hoja hiyo haipo. Kupatwa kwa jua kulikoonekana kama pete Rujewa, Mbeya, tarehe 1 Septemba 2016 kulijulikana miaka mingi kabla, na watu walisafiri kwenda kukutazama. Kwingine kutapita Luxor na Makkah tarehe 2 Agosti 2027, na karibu na Luxor giza litadumu zaidi ya dakika sita. Waliopiga hesabu hiyo hawakufunga hata siku moja.