Kutoka ao kubaki: na zahabu ya Omate je?

Kinshasa wanabishana tena: Kongo ibaki katika Jumuiya ya Afrika Mashariki ao itoke? Wenye kusema tutoke wana sababu, na sisi wa Walikale hatuwezi kuwacheka. Rais Tshisekedi alitia sahihi Nairobi tarehe 8 Aprili 2022. Askari wa Jumuiya walikuja mwaka ule ule, mwisho wa 2023 wakarudi kwao, M23 wakabaki. Januari 2025 Goma ikaanguka. Machi vita ikafika Walikale, tukakimbilia porini na watoto. Kisha hayo yote, kukaa meza moja na Rwanda kunauma.

Lakini sisi wachimbaji tuko na swali ingine. Mbele ya 2022 zahabu yetu ilikuwa inapita wapi? Kampala na Kigali. Leo? Kule kule. Haikungoja mkataba wa mtu. Inatoka shimoni, inaenda kwa negosian, inavuka mpaka bila karatasi. Marais wa Maziwa Makubwa walikubaliana Lusaka, Desemba 2010, kwamba madini yetu yatatembea na cheti. Nani hapa Omate amekwisha kukishika mkononi? Tunachojua ni barieri: unalipa kwenda, unalipa kurudi, hata mama muuza sombe analipa.

Wakitoka kwa hasira na mpaka ukafungwa, mchele, sabuni na mafuta ya motopompe vitapanda bei kwetu mbele ya kupanda Kinshasa. Zahabu yenyewe haitafungwa. Gramu kumi zinaingia ndani ya kiatu.

Tuangalie Tanzania, nayo iko ndani ya Jumuiya hiyo hiyo. Mwaka 2019 iliondolea wachimbaji wadogo kodi mbili, ya 18% na ya 5%, ikafungua soko la madini Geita, kisha kwenye mikoa mingine. Mchimbaji anapimiwa mbele ya wakubwa wa serkali, anajua bei ya siku, anarudi na makuta yake na karatasi. Haikuwa lazima itoke Jumuiya, na si Jumuiya iliyoifanyia kazi hiyo.

Kwa hiyo, waheshimiwa wabunge wa Kivu ya Kaskazini, siku mtakapomuita waziri juu ya Jumuiya, mumuulize na hii: soko la serkali la zahabu litafunguliwa Walikale lini, na mizani itashikwa na nani?