Zimwi la Wapolandi na Shing'weng'we Wetu

Leo nawapeleka mbali, Ulaya kwa Wapolandi. Hao si wageni kabisa kwetu: wakati wa Vita Kuu ya Pili maelfu yao, wengi wakiwa wanawake na watoto, walikaa Tengeru kama wakimbizi, na makaburi yao yako huko hata leo.

Basi, mwaka 1986 Mpolandi mmoja, Andrzej Sapkowski, mtu wa biashara wala si mwandishi kwa kazi yake, alipeleka hadithi fupi katika mashindano ya gazeti la kwao. Ilimhusu Geralt, azungukaye vijijini akiua mazimwi kwa ujira, kama vile fundi aombavyo kazi ya kuezeka. Katika hadithi hiyo, binti wa mfalme amelaaniwa, naye hutoka jenezani usiku akila watu. Jambo hilo mwandishi hakulitunga tangu mwanzo. Lilikuwa ngano ya zamani ya kwao. Na Geralt hamwui binti yule. Anapigana naye usiku kucha, anajilaza ndani ya jeneza lake hadi jogoo la tatu, na laana inamtoka, anabaki msichana tu.

Mwaka 2002 televisheni ya Polandi ilizionyesha hadithi hizo katika sehemu 13. Mwaka uliotangulia walikuwa wamezikatakata wakazifanya sinema moja, na watazamaji wakatoka wakikuna vichwa. Tena joka lao, kwa uchache wa fedha, liliwachekesha watu badala ya kuwatisha! Lakini ngano haikufa. Mwaka 2007 ukatoka mchezo wa kompyuta, na mwaka 2019 Netflix ya Marekani ikatengeneza filamu zake, hata kijana wa Bariadi mwenye simu aweza kumjua Geralt.

Je, kijana huyo anamjua Masala Kulangwa?

Wazee wa Binza hawahitaji kufundishwa, ila kwa ajili ya watoto nasimulia. Zimwi Shing'weng'we lilimeza watu wote na wanyama wote duniani, akasalia mama mmoja mjamzito aliyejificha katika makapi. Akazaa mwana, Masala Kulangwa, yaani mwenye akili. Mtoto akauliza, "Mama, mbona tuko wawili tu?" Alipoambiwa, akaenda kulitafuta zimwi. Akaua panzi, akaja mbio: "Mama, nimeliua!" Mama akasema, hilo ni panzi, mwanangu. Akaua ndege, kisha swala, na kila mara jibu lilikuwa lile lile. Mwisho akalipata lenyewe, akaliua, akalipasua tumbo, na watu wote wakatoka wazima.

Kumbe kisu kilikuwa kimemkata bibi kizee mmoja sikio! Bibi hakusema asante. Alikasirika, akataka kumroga mkombozi wake. Geralt naye yalimpata hayo: katika hadithi moja, baada ya kupigana na wabaya sokoni, watu walimtupia mawe.

Hapo kwenye sikio ndipo ninapotaka tukae kidogo. Kwetu Usukumani jambo la bibi kizee na uchawi si la kuchezea. Kati ya mwaka 1970 na 1984 watu zaidi ya 3,600 waliuawa nchini kwa kudhaniwa wachawi, wengi wao Usukumani, na wengi wakiwa wanawake. Macho mekundu ya moshi wa kupikia yalitosha kumhukumu mama wa watu. Mtengeneza sinema asiye mwangalifu atamfanya bibi yule kuwa zimwi la pili, amkatie shingo mwishoni, na watazamaji wapige makofi. Lakini ngano haisemi hivyo. Masala Kulangwa alimtafutia dawa akamponya sikio. Ndipo watu wakamfanya mtemi, na mama yake akawa mama wa mtemi.

Siku hizi sinema fupi inatengenezwa hata kwa simu, na vijana wa kuigiza tunao. Joka la makaratasi lisiwatie aibu, Wapolandi walianza na baya zaidi. Ila kwanza nendeni kwa bibi, mwandike maneno yake kwa Kisukuma chake, pamoja na nyimbo kama anazo. Na mzee anayejua dawa gani ilitiwa katika lile sikio, tafadhali aniandikie, maana kwetu nimewauliza watatu na kila mmoja amenitajia mti wake.